Je, Galileo alikuwa na ushahidi kwamba dunia hulizunguka jua?

Msomaji ameuliza: "Shuleni tulifundishwa kwamba Galileo alithibitisha kwa darubini kuwa dunia hulizunguka jua, na kwa sababu hiyo Kanisa likamfunga na kumtesa. Rafiki yangu anadai kwamba Galileo hakuwa na uthibitisho wowote, na kwamba makardinali ndio waliokuwa wanasayansi wa kweli kwa kumdai ushahidi. Nani kati yetu yuko sahihi?"

Ndugu msomaji, rafiki yako hakosei anaposema kwamba Galileo hakuwa na uthibitisho kamili, lakini hitimisho analolitoa hapo halifuati hata kidogo. Wewe nawe hukosei ukiamini kwamba Galileo alionewa, ingawa uliyofundishwa kuhusu darubini na kuhusu mateso yanahitaji kurekebishwa. Inatubidi tuulize kwanza Galileo, mwanasayansi wa Italia wa mwanzoni mwa karne ya 17, alikuwa akibishana na nani. Watu wengi hudhani kwamba ubishi ulikuwa wa pande mbili tu, yaani wanaoiweka dunia katikati na wanaoliweka jua katikati, ilhali wakati ule pande zilikuwa tatu, na ile ya tatu ndiyo iliyomkwamisha. (Kama kuna mtu amekuambia kwamba waligombana juu ya umbo la dunia, msahau, wasomi wa Ulaya walijua tangu zama za Wagiriki kwamba dunia ni mviringo, na hakuna kardinali aliyelipinga hilo.)

Upande wa kwanza ulikuwa wa Ptolemy, mwanafalaki wa Alexandria wa karne ya 2, aliyeiweka dunia katikati ikiwa imetulia, huku mwezi, jua na sayari vikiizunguka. Upande wa pili ulikuwa wa Nicolaus Copernicus, ambaye kitabu chake kilichapishwa mwaka 1543, mwaka aliofariki, nacho kililiweka jua katikati na kuifanya dunia kuwa sayari mojawapo inayojizungusha kila siku na kulizunguka jua kila mwaka. Upande wa tatu ulikuwa wa Tycho Brahe wa Denmark, mpimaji hodari kuliko wote waliotangulia darubini. Yeye alisema kwamba Zebaki, Zuhura, Mirihi, Mshtarii na Zohali zote hulizunguka jua, na jua lenyewe, pamoja na msafara wake huo wote, huizunguka dunia iliyotulia. Mpangilio huo waweza kuonekana kama suluhu ya kuwaridhisha wote, lakini haukuwa wa kuchekwa: mtu anayetazama sayari akiwa duniani angeziona mahali palepale angani, awe amemfuata Tycho au Copernicus, kwa sababu tofauti yao ni kile tu walichokichagua kuwa kimetulia.

Sasa twende Padua, ambako Galileo alikuwa profesa wa hisabati tangu mwaka 1592. Mwaka 1609 alisikia habari za chombo kilichotengenezwa Uholanzi kinachovileta karibu vitu vya mbali, akajitengenezea chake mwenyewe, kisha akakiboresha hadi kikakuza kiasi cha mara 20. Usiku wa tarehe 7 Januari 1610 alikielekeza kwenye sayari ya Mshtarii akaona vinyota vitatu vimejipanga karibu nayo katika mstari mnyoofu, viwili upande wa mashariki na kimoja magharibi. Usiku uliofuata vyote vitatu vilikuwa magharibi. Tarehe 9 mawingu yalimzuia. Tarehe 10 aliona viwili tu, vyote mashariki. Na tarehe 13 vikawa vinne. Daftari lake la siku hizo lina michoro midogo mno, duara la sayari na alama za nyota pembeni, na mtu akiifuata kwa mpangilio wa tarehe anamwona mwandishi akiacha polepole dhana kwamba hizo ni nyota za kawaida zilizo nyuma ya sayari. Ilikuwa miezi minne inayoizunguka Mshtarii. Mwezi Machi mwaka huohuo alikuwa amekwisha kuchapisha habari hizo mjini Venice, pamoja na habari za milima ya mwezini na za nyota zisizohesabika zinazofanya ukanda wa angani uitwao Njia Nyeupe uonekane kama maziwa yaliyomwagika.

Miezi ya Mshtarii ilithibitisha nini? Haikuthibitisha kwamba dunia husogea. Ilijibu pingamizi moja lililokuwa likirudiwa sana, kwamba dunia ingekuwa inakwenda mbio kulizunguka jua basi ingeuacha mwezi wake nyuma. Hapa palikuwa na sayari ambayo kila upande ulikubali kwamba inasogea, nayo ilikuwa ikienda na miezi minne bila kupoteza hata mmoja. Hilo ni jambo kubwa, lakini kuondoa pingamizi si sawa na kuleta uthibitisho.

Pigo lenyewe lilikuja mwishoni mwa mwaka 1610, alipoitazama Zuhura kwa miezi kadhaa mfululizo. Mwanzoni aliiona kama kisahani kidogo cha duara kamili. Baadaye ikawa nusu, huku ikizidi kukua. Na mwishowe ikawa hilali kubwa na nyembamba. Katika mpangilio wa Ptolemy, Zuhura hukaa daima baina ya dunia na jua, kwa hiyo upande wake unaomulikwa huwa umetugeuzia kisogo kwa sehemu kubwa, na haiwezekani kamwe ionekane karibu na duara kamili. Ili ionekane duara na ndogo, ni lazima ipite ng'ambo ya jua. Ili ionekane hilali na kubwa, ni lazima ipite upande wetu huu. Maana yake ni kwamba Zuhura hulizunguka jua. Wanafalaki wa Kijesuiti wa chuo cha Roma, waliokuwa na darubini zao wenyewe, waliyaona hayohayo na hawakuyakana. Tangu hapo Ptolemy, kwa mtu yeyote aliyekuwa tayari kutazama, alikuwa amekwisha.

Lakini rudi kwenye mpangilio wa Tycho. Kwake pia Zuhura hulizunguka jua, na sura zake zote zinaelezeka vilevile. Hapo ndipo rafiki yako anaposimama mahali imara: kila alichokiona Galileo kwa darubini hadi mwaka 1616 kilimwangusha Ptolemy, na hakuna hata kimoja kilichoweza kuamua kati ya Copernicus na Tycho.

Tena wafuasi wa Tycho walikuwa na hoja nzito ambayo vitabu vya shule huiruka. Nyoosha kidole chako mbele ya uso, kitazame kwa jicho moja kisha kwa jicho la pili, nawe utakiona kikihama kulinganishwa na ukuta ulio nyuma yake. Vivyo hivyo, kama dunia hulizunguka jua, basi mwezi Januari tunazitazama nyota tukiwa upande mmoja wa mzunguko na mwezi Julai tukiwa upande wa pili, kwa hiyo nyota zilizo karibu zinapaswa kuonekana zikihama kidogo kulinganishwa na zile za mbali. Kuhama huko huitwa paralaksi. Tycho aliutafuta kwa vyombo vyake vikubwa asiuone. Copernicus alikuwa amejibu mapema kwamba nyota ziko mbali mno hata mhamo wake hauonekani, na leo tunajua kwamba jibu hilo ndilo la kweli, lakini wakati ule lilikuwa na gharama yake. Kwa macho matupu nyota huonekana kama visahani vidogo vyenye upana. Na kitu kilicho mbali kiasi hicho, kikiwa bado kinaonekana kina upana, lazima kiwe kikubwa kupita kiasi. Tycho alipiga hesabu akaona kwamba nyota ya kawaida tu ingekuwa na ukubwa wa kuujaza mzunguko wote wa dunia kulizunguka jua. Hakuwa mjinga kwa kuliona hilo haliaminiki. Kasoro ilikuwa kwamba visahani hivyo si umbo halisi la nyota, bali hutokana na tabia ya mwanga na ya macho yenyewe. Galileo alitambua kwamba darubini huvipunguza badala ya kuvikuza, lakini nadharia ya mwanga iliyoyaeleza mambo hayo barabara ilipatikana karne ya 19.

Pingamizi la pili lilihusu miendo ya vitu hapa duniani, na hapa, kwa maoni yangu, ndipo Galileo alipokuwa mkubwa kuliko hata alipokuwa nyuma ya darubini. Walimuuliza: kama dunia hujizungusha kuelekea mashariki kwa kasi hiyo yote, mbona jiwe likidondoshwa kutoka juu ya mnara huanguka chini ya mnara wenyewe, badala ya kubaki nyuma upande wa magharibi? Katika mazungumzo aliyoyachapisha mwaka 1632, ambayo huendelea kwa siku nne baina ya watu watatu, alimtaka msomaji ajifungie chini ya sitaha ya merikebu kubwa pamoja na vipepeo wachache, chombo cha maji chenye samaki, na chupa iliyoning'inizwa inayodondosha maji tone kwa tone ndani ya chombo chenye mdomo mwembamba kilichowekwa chini yake. Merikebu ikiwa imetulia, matone huanguka yote ndani ya mdomo ule, vipepeo huruka kwa urahisi pande zote, na ukimrushia rafiki yako kitu hutahitaji nguvu zaidi kwa upande mmoja kuliko mwingine. Sasa merikebu na iende kwa kasi yoyote upendayo, ilimradi mwendo uwe wa sawasawa usiyumbe huku na huku: hutaona badiliko hata dogo katika mambo hayo yote, wala hutaweza kutambua kwa kitu chochote kilichomo humo ndani kama chombo kinakwenda au kimesimama. Jiwe la mnarani lilikuwa na mwendo wa dunia kabla halijaachiwa, na linaendelea kuwa nao linapoanguka.

Hoja hiyo ni nzuri mno, na fizikia yote iliyokuja baadaye imejengwa juu yake. Hata hivyo itazame vizuri uone inachokisema: kwamba kwa vitu vilivyomo chomboni huwezi kujua kama chombo kinasogea. Basi inaondoa pingamizi dhidi ya mwendo wa dunia, na papo hapo inafanya iwe vigumu zaidi kuuthibitisha mwendo huo kwa jambo lolote linalotokea hapahapa duniani. Galileo alijikuta anahitaji ishara ambayo merikebu yake mwenyewe ilikuwa imeifuta.

Aliamini kwamba ameipata baharini. Siku ya nne ya mazungumzo yale ni kuhusu maji kupwa na kujaa, na awali alitaka hata jina la kitabu liwe la kupwa na kujaa, hadi Papa alipoagiza liondolewe. Hoja yake ilikuwa hivi: mahali popote juu ya uso wa dunia pana miendo miwili, ule wa kujizungusha na ule wa kulizunguka jua. Usiku wa manane miendo hiyo miwili huelekea upande mmoja ikajumlishwa, na adhuhuri hupingana ikapunguzana. Kwa hiyo kila sehemu ya bahari huongezewa kasi na kupunguziwa kasi kila siku, na maji husukwasukwa kama yale ya mashua zilizopeleka maji ya kunywa Venice, ambayo hujikusanya mbele mashua inapopunguza mwendo na nyuma inapoongeza. Alisema kwamba dunia ingekuwa imetulia, kupwa na kujaa kusingewezekana.

Alikosea, na hata wakati ule kosa lingeweza kuonekana. Kwa hesabu yake maji yangejaa mara moja kwa siku, na kwa saa ileile. Mtu yeyote aliyewahi kuishi pwani anajua kwamba bahari hujaa mara mbili, kwamba saa ya kujaa husogea mbele kila siku kiasi cha dakika 50 ikifuata mwezi, na kwamba bamvua huja mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu. Galileo alijaribu kuziba pengo hilo kwa kusema kwamba kina na urefu wa kila bahari ndivyo vinavyoleta mara ya pili. Wazo kwamba mwezi huvuta maji alilikataa kwa dharau, akimshangaa Johannes Kepler kwa kulikubali jambo alilolihesabu kuwa la kitoto, la nguvu zisizoonekana zinazofanya kazi kwa mbali.

Kumtaja Kepler kunaniuma kidogo, kwa sababu ushahidi bora wa wakati ule ulikuwa mikononi mwake. Mwaka 1609, akitumia vipimo vya Tycho vya sayari ya Mirihi, Kepler alikuwa amechapisha kwamba sayari huenda katika duaradufu na si katika duara, na mwaka 1627 alitoa majedwali ya sayari yaliyokuwa sahihi kuliko yote yaliyotangulia. Kwa kuyafuata, tarehe 7 Novemba 1631 Pierre Gassendi akiwa Paris aliiona Zebaki ikikatiza mbele ya uso wa jua, tukio ambalo hakuna mtu aliyewahi kulishuhudia kwa darubini kabla yake. Hiyo ni aina ya ushahidi inayomshawishi mtu taratibu, bila jambo moja la kumaliza ubishi, na Galileo hakuitumia. Aliendelea kushikilia duara za Copernicus na kuzipita duaradufu bila kuzishughulikia, akaweka tumaini lake lote katika bahari. Kama ningeulizwa ni wapi alipojiponza mwenyewe kisayansi, ningepataja hapo.

Sasa tuje kwa makardinali. Rafiki yako bila shaka anaitegemea barua maarufu ya Kardinali Roberto Bellarmino ya tarehe 12 Aprili 1615, aliyomwandikia Paolo Antonio Foscarini, mtawa aliyekuwa ametetea Copernicus kwa maandishi. Humo Bellarmino alisema kwamba kungekuwa na uthibitisho wa kweli kuwa jua liko katikati na dunia hulizunguka, ingebidi kuwa na uangalifu mkubwa katika kuyaeleza Maandiko, na afadhali kukiri kwamba hatuyaelewi kuliko kulikana jambo lililothibitishwa. Lakini hataamini kwamba uthibitisho huo upo hadi aonyeshwe. Maneno hayo yakisomwa peke yake humfanya aonekane mwanasayansi makini. Tatizo ni kwamba barua ina sehemu nyingine. Katika barua hiyohiyo anaandika kwamba jambo hilo ni la imani, kama si kwa mada yake basi kwa sababu ya yule aliyelisema, yaani Roho Mtakatifu kwa vinywa vya manabii na mitume, na kwamba anayekana kuwa Abrahamu alikuwa na wana wawili na Yakobo kumi na wawili ni mzushi sawa na anayekana kuzaliwa kwa Kristo na bikira. Kwa msimamo huo dunia iliyotulia haikuwa nadharia moja miongoni mwa nadharia, ikisubiri vipimo. Ilikuwa imekwisha kuamuliwa mahali pengine.

Yaliyotokea mwaka 1616 yanaonyesha hivyo waziwazi. Tarehe 24 Februari wanateolojia walioulizwa na Baraza la Kuhukumu Uzushi walijibu kwamba kusema jua halisogei ni upumbavu na upuuzi kifalsafa, na ni uzushi rasmi. Hawakusema kwamba jambo hilo bado halijathibitishwa, wala kwamba Tycho ana hoja bora zaidi. Siku mbili baadaye Bellarmino alimwita Galileo na kumwonya auache msimamo huo, na tarehe 5 Machi ikatangazwa amri iliyosimamisha kitabu cha Copernicus hadi kisahihishwe na kukipiga marufuku kabisa kile cha Foscarini. Mtu anayedai ushahidi huuacha mlango wazi ili ushahidi uletwe. Baada ya amri ile, Mkatoliki aliyetaka kuutafuta aliruhusiwa kuitumia hesabu ya Copernicus kama nyenzo ya kukadiria tu, si kama habari ya mambo yalivyo. Kwa hiyo namkubalia rafiki yako kwamba uthibitisho haukuwapo, lakini siwezi kumkubalia kwamba kukosekana kwake ndiko kulikoleta hukumu.

Kesi yenyewe ilikuja baada ya miaka 17, na sababu zake zilikuwa za kibinadamu kuliko za kifalaki. Mwaka 1623 Maffeo Barberini, aliyekuwa akimpenda na kumsifu Galileo, alichaguliwa kuwa Papa Urbano VIII, na mwaka uliofuata akamkaribisha kwa mazungumzo mara sita. Galileo aliondoka akiamini kwamba anaweza kuandika juu ya mipangilio yote miwili, wa Ptolemy na wa Copernicus, ilimradi asiuchukulie wa Copernicus kuwa umethibitika. Papa alikuwa na hoja yake aliyoipenda, kwamba Mungu muweza wa yote anaweza kuleta kupwa na kujaa kwa njia ambazo binadamu hazijui, kwa hiyo hakuna anayeweza kudai kwamba dunia lazima isogee. Kitabu kilipotoka Februari 1632 hoja hiyo ilikuwamo, mwishoni kabisa, imewekwa kinywani mwa Simplicio, mhusika ambaye katika kurasa zote zilizotangulia alikuwa ameshindwa karibu kila alipofungua mdomo. Wakati huohuo Papa alikuwa akishutumiwa hadharani na kardinali wa upande wa Hispania kwamba hana ukali wa kutosha dhidi ya wazushi, katika vita vilivyokuwa vikiitafuna Ulaya. Hakuwa katika hali ya kuvumilia mzaha.

Kisha faili likafunguliwa, ikapatikana humo karatasi ya mwaka 1616 inayosema kwamba Galileo aliamriwa asishikilie, asifundishe wala asitetee nadharia ile kwa namna yoyote ile, kwa mdomo wala kwa maandishi. Karatasi hiyo haikuwa na sahihi yake. Yeye alikuwa na cheti alichopewa na Bellarmino Mei 1616, kinachosema tu kwamba amejulishwa kuwa nadharia hiyo haiwezi kushikiliwa wala kutetewa, na Bellarmino alikuwa amefariki mwaka 1621, hivyo hakuwapo wa kueleza ni nini hasa kilichosemwa siku ile. Ukisoma maswali aliyoulizwa tarehe 12 Aprili 1633, utaona kwamba yanahusu amri ile, ruhusa ya kuchapisha na alichomwambia mchunguzi wa vitabu. Miezi ya Mshtarii na sura za Zuhura hazikujadiliwa.

Kuhusu mateso, jibu ni fupi. Alipofika Roma mwezi Februari alikaa katika nyumba ya balozi wa Toscana. Wakati wa mahojiano aliwekwa katika vyumba vya ofisa mmoja ndani ya jengo la Baraza, akiwa na mtumishi wake. Tarehe 21 Juni alihojiwa kwa mara ya mwisho huku akitishiwa mateso, na hakuna ushahidi kwamba vitisho hivyo vilitekelezwa. Nisieleweke kuwa nayapunguza makali: mzee wa miaka 69, mgonjwa, anayejua kwamba mwaka 1600 Giordano Bruno alichomwa moto katika mji uleule, hahitaji kuguswa ili aelewe. Kesho yake, katika nyumba ya watawa ya Santa Maria sopra Minerva, alipiga magoti akasoma tamko la kuikana nadharia yake, baada ya kutamkwa kwamba anashukiwa vikali kuwa na uzushi. Makardinali waliokuwa waamuzi walikuwa kumi, na sahihi zilizo chini ya hukumu ni saba. Kifungo kiligeuzwa kuwa kizuizi, kwanza nyumbani kwa askofu mkuu wa Siena, kisha tangu Desemba 1633 nyumbani kwake Arcetri karibu na Florence, hadi alipofariki tarehe 8 Januari 1642. Yale maneno kwamba aliinuka akanong'ona "hata hivyo inasogea" yalichapishwa kwa mara ya kwanza mwaka 1757, zaidi ya miaka 100 baada ya kifo chake, na mtu mwenye akili zake asingeyasema mbele ya waamuzi wale.

Kizuizini, akiwa anapofuka, alikamilisha kazi yake bora, kitabu juu ya uimara wa vitu na juu ya mwendo, kilichochapishwa Leiden mwaka 1638 kwa sababu Italia kisingeweza kuchapishwa. Hakizungumzii mwendo wa dunia. Kinaeleza, pamoja na mengine, jinsi alivyouachia mpira mdogo wa shaba nyeusi uviringike katika mfereji uliolainishwa wa ubao ulioinamishwa, akapima muda kwa kupima uzito wa maji yaliyochuruzika kutoka kwenye chombo, na kuona kwamba umbali huongezeka kwa mraba wa muda. Isaac Newton alipounganisha kanuni hizo za mwendo na kanuni za Kepler mwaka 1687, chini ya nguvu moja ya mvutano, mpangilio wa Tycho ulibaki bila pa kusimama, maana haikuwezekana tena jua zito lizungushwe na dunia nyepesi. Kupwa na kujaa nako kukaelezwa kwa mvuto wa mwezi na jua, kama Kepler alivyohisi.

Ushahidi wa moja kwa moja ulioombwa na Bellarmino ulipatikana angani, na wa kwanza ulipatikana na mtu aliyekuwa akitafuta kitu kingine. James Bradley, Mwingereza, alikuwa akitafuta paralaksi ya nyota inayopita utosini mwa London, akakuta kwamba nyota hiyo kweli huhama kwa mwaka, lakini kuelekea upande usiotarajiwa. Mwaka 1729 alitangaza sababu yake: mwanga una kasi yenye kikomo, na kwa kuwa dunia inasogea, ni lazima darubini iinamishwe kidogo kuelekea inakokwenda ili mwanga uifikie sawasawa. Dunia isiyosogea isingeweza kuleta jambo hilo. Paralaksi yenyewe ilipimwa na Friedrich Bessel mwaka 1838 kwa nyota iitwayo 61 Cygni, nayo ilikuwa karibu theluthi moja ya sekunde ya tao (sekunde ya tao ni sehemu moja ya 3,600 ya digrii), takribani mara 200 chini ya kile ambacho Tycho angeweza kukipima kwa jicho. Kitabu cha Galileo kilikuwa kimeruhusiwa kuchapishwa tena Padua mwaka 1744, kikiwa kimeambatanishwa na hukumu ya mwaka 1633, na kiliondolewa katika Orodha ya Vitabu Vilivyopigwa Marufuku toleo la mwaka 1835, miaka mitatu kabla ya kipimo cha Bessel.